Malori yetu yamezuiwa Kollam: je, tuombe ulinzi wa polisi?

Swali

Shikamoo wakili. Mimi ni mfanyabiashara wa korosho hapa Mtwara. Tangu msimu uliopita nimeingia ubia na bwana mmoja wa Kollam, jimbo la Kerala, India. Mimi napeleka korosho ghafi, yeye ana ghala na kiwanda kidogo cha kubangua. Mwezi uliopita malori matatu yalifika ghalani kwake. Wakaja wanaume kama kumi na wawili wa chama cha wabeba mizigo, wakasema mizigo yote ya mtaa ule wanashusha wao. Mwenzangu akajibu kwamba ana vijana wake. Wakamwambia sawa, wako washushe, lakini na sisi tulipwe. Alipokataa wakaketi langoni, malori yakalala nje siku mbili. Polisi alikuja mmoja na pikipiki, akasema “elewaneni”, akaondoka. Mwishowe mwenzangu alilipa. Sasa anataka twende mahakamani kuomba ulinzi wa polisi. Je, kuna kitu kama hicho? Au tuendelee kulipa ili mzigo ushuke?

Jibu

Marahaba, mwanangu, na pole. Lori likilala nje na mzigo, dereva anadai posho ya kusubiri, wabanguaji kiwandani wanakaa bila kazi, na wewe huku Mtwara simu haitulii. Nikujibu kwa mkato kwanza. Kitu hicho kipo, na sidhani kama kuna mahali duniani kimezoeleka kama Kerala. Mahakama Kuu ya jimbo hilo, iliyoko Ernakulam mjini Kochi, hupokea maombi ya namna hii mwaka nenda mwaka rudi: mwenye ghala, mwenye duka la vigae, mtu anayejenga hoteli, wote wanaomba polisi waamriwe kulinda mzigo wao ushuke salama. Lakini amri hiyo hupewi kwa sababu tu mali ni yako na kuna watu wanakusumbua. Unapewa ukionyesha kwamba wale unaotaka wakushushie mzigo wana haki ya kuushusha. Na hapo ndipo barua yako iliponitia wasiwasi, maana umenieleza habari za malori, za lango na za polisi, lakini vijana wa mwenzako hukusema wana kitambulisho gani.

Basi tuanze na wale kumi na wawili. Kwa Kimalayalam wanaitwa chumattu thozhilali, wafanyakazi wa kubeba mizigo. Ni mahamali, ni wachukuzi kama wanavyosema Unguja. Kila mrengo wa siasa una chama chake cha wabeba mizigo: kuna CITU iliyo karibu na wakomunisti wa CPI(M), kuna INTUC ya upande wa Congress, AITUC, BMS na vingine. Nilipata kusimama nje ya ghala moja la korosho katika mji huohuo alfajiri moja, nikawatazama wakishusha lori. Wawili walikuwa juu, wakiliinamisha gunia la juti ukingoni. Wa chini alikunja taulo lake jembamba la pamba kuwa ngata, akalipokea gunia kwa kichwa na shingo, akaondoka kwa hatua fupi za haraka, magoti yamepinda kidogo, mkono mmoja juu. Hakusimama njiani hata mara moja, maana ukisimama na uzito ule huondoki tena. Alipolitua, shati lilikuwa limebadilika rangi kwa jasho na vumbi, na lori bado lilikuwa limejaa.

Nimekueleza hayo kwa sababu ukitaka kushinda shauri hili, lazima ujue kwamba sheria ya Kerala ilitungwa kwa ajili ya mtu yule. Kabla yake mbeba mzigo alilipwa kadiri tajiri alivyojisikia, na akivunjika mgongo alirudishwa kwao. Sisi nasi historia hiyo tunayo: wachukuzi wa bandarini walikuwa mstari wa mbele kwenye mgomo mkubwa wa Mombasa wa Januari 1947, na Unguja mwaka 1948 mgomo ulianzia kwao, na kiini cha ugomvi kilikuwa ujira usiokidhi maisha. Kule Kerala harakati hizo zilifika mpaka bungeni. Ikatungwa Sheria ya Wabeba Mizigo ya mwaka 1978, ambayo vitabuni imeingia kama sheria namba 20 ya 1980. Zikafuata kanuni zake za mwaka 1981, kisha mwaka 1983 ukaja mpango wa kusimamia ajira na ustawi wao. Kuna bodi ya ustawi, na chini yake kamati za maeneo. Mbeba mzigo anaandikishwa, anapewa kadi, na malipo yake mengine, kama kiinua mgongo na msaada akiugua, yanapitia bodi hiyo.

Sheria hiyo inamgusa karibu kila anayepakia au kushusha kwa ujira, awe ameajiriwa moja kwa moja, ameletwa na mkandarasi, au ameokotwa barabarani kwa siku moja. Anayeachwa nje ni yule aliyeitwa na mtu binafsi kwa shughuli za nyumbani kwake. Mwenzako akihamisha kabati la mama yake, hakuna mwenye haki ya kumuuliza. Akishusha korosho za biashara, sheria imeshaingia langoni kwake, apende asipende.

Swali la kwanza kabisa, ambalo mwenzako alipaswa kulijua kabla ya kukodi ghala, ni kama mtaa ule uko ndani ya mpango wa 1983 au uko nje. Serikali hutangaza maeneo ambako mpango unafanya kazi. Ndani ya eneo la mpango kuna kundi la wabeba mizigo walioandikishwa chini ya kamati, na mfanyabiashara anajisajili kwa kamati, analipia kazi kwa viwango vilivyowekwa pamoja na mchango wa bodi. Hapo ukitaka kutumia watu wako mwenyewe, lazima nao wawe wameandikishwa kuwa wabeba mizigo wa biashara yako. Usipokuwa nao, kazi ni ya lile kundi, na hakuna jaji atakayekupa polisi wa kuwafukuza. Nje ya eneo la mpango mambo ni mepesi zaidi: mahakama imeshikilia kwamba mwajiri anaweza kuchagua watu wake, na hao wengine hawana haki ya kumzuia.

Huo uandikishaji una jina ambalo utalisikia kwa kila wakili wa Kerala: “ishirini na sita A”, yaani kanuni ya 26A ya zile kanuni za 1981. Mfanyakazi anaomba, mwajiri anathibitisha kwamba kweli atamtumia kwa kazi hiyo, na maombi yanakwenda kwa Afisa Kazi Msaidizi wa eneo. Miaka mingi maafisa walikuwa wakiyakataa kwa visingizio viwili. Cha kwanza, kwamba mwombaji hajawahi kubeba mizigo. Cha pili, kwamba akiandikishwa atawapunguzia kazi waliopo. Mahakama Kuu imevikataa visingizio vyote viwili. Hoja yake inaeleweka hata kwa asiye mwanasheria: ukidai mtu awe amebeba mizigo kabla ya kupewa kadi, na bila kadi haruhusiwi kubeba, umeufunga mlango na ufunguo umeuacha ndani. Kinachotazamwa ni kama mtu anaiweza kazi, ana nia nayo, na yupo mwajiri wa kweli aliye tayari kumpa.

Kwa hiyo vijana wa mwenzako wakiwa na kadi za 26A, anakwenda mahakamani na kesi nzuri. Wakiwa hawana, na ghala liko ndani ya eneo la mpango, anakwenda kupoteza ada ya wakili. Mimi ningeanza na kadi, halafu polisi.

Sasa tuje kwenye ile hela aliyolipa. Kerala ina jina lake: nokku kooli. Nokku ni kutazama, kooli ni ujira. Ujira wa kutazama. Watu wanakaa kivulini, wengine wanashusha, au mashine inashusha, kisha waliokaa kivulini wanalipwa. (Hilo kooli ni la ukoo mmoja na neno la Kitamil ambalo wengi huamini ndilo asili ya kuli wetu wa bandarini. Maneno nayo yamepita njia hiyohiyo ya majahazi.) Desturi hii imeichafulia Kerala jina kwa muda mrefu, na tarehe 1 Mei 2018, Siku ya Wafanyakazi, serikali ya jimbo, ambayo wakati huo ilikuwa ya mrengo wa kushoto, iliipiga marufuku baada ya kuzungumza na vyama vyenyewe. Haikufa siku hiyo. Septemba 2021 huko Thumba, karibu na Thiruvananthapuram, watu waliuzuia msafara uliobeba mtambo mzito wa kituo cha utafiti wa anga cha Vikram Sarabhai, wakidai walipwe kwa mzigo ambao hakuna binadamu angeweza kuutia kichwani. Ilibidi polisi waingilie. Mwaka huohuo Mahakama Kuu, katika shauri la mtu aliyekuwa akijenga hoteli wilayani hukohuko Kollam, ilipaza sauti kuliko ilivyozoea na kuwataka polisi wayachukulie madai ya nokku kooli kama jinai ya kujipatia fedha kwa vitisho.

Hapo utaona kwamba yaliyotokea langoni kwa mwenzako ni mambo mawili tofauti, na kuyachanganya ndiko kulikompa yule polisi wa pikipiki njia ya kutokea. Waliposema “mzigo wa mtaa huu tunashusha sisi”, huo ulikuwa mgogoro wa kazi. Huenda wana haki, huenda hawana, na wa kuamua ni afisa kazi chini ya kifungu cha 21 cha sheria ile. Polisi hana mamlaka ya kuamua nani ni mbeba mizigo wa nani. Waliposema “wako washushe, lakini na sisi tulipwe”, walitoka kwenye mgogoro wa kazi wakaingia kwenye jinai. Na walipoliziba lango ili malori yasiingie, hilo nalo ni kosa peke yake, hata kama kwenye madai ya kazi wangekuwa na haki kamili. Kugoma ni haki. Kuandamana kwa amani ni haki. Kulala mbele ya tairi la mali ya mwingine si haki, na majaji wa Kerala wamelirudia hilo mpaka limekuwa kama dua.

Tangu tarehe 1 Julai 2024 India inatumia sheria mpya ya jinai, Bharatiya Nyaya Sanhita, badala ya ile ya mwaka 1860 ambayo hata huku Afrika Mashariki iliwahi kutumika enzi za ukoloni. Kifungu cha 308 ndicho cha kujipatia mali kwa vitisho. Adhabu inafika miaka 7 jela. Chini ya ile ya zamani ilikuwa 3. Ni kosa ambalo polisi anaweza kukamata bila hati ya mahakama. Tena Mahakama ya Juu ya India, ikiwa na majaji watano, iliamua Novemba 2013 kwamba taarifa ikionyesha kosa la aina hiyo, polisi hana hiari: lazima aiandikishe. Kwa hiyo malalamiko ya mwenzako yasiandikwe “wabeba mizigo wananisumbua”. Yaandikwe: siku fulani, saa fulani, watu fulani walidai kiasi fulani bila kufanya kazi yoyote, wakasema tusipolipa malori hayataingia, na malori hayakuingia mpaka tulipolipa. Kila neno hapo lina kazi.

Malalamiko hayo yaende kwa mkuu wa kituo kwa maandishi, na arudi na stakabadhi ya kupokelewa, kama sisi tunavyodai RB, namba ya taarifa iliyoandikwa kituoni. Akikataliwa au akinyamaziwa, nakala inakwenda kwa mkuu wa polisi wa wilaya. Nakala nyingine kwa afisa kazi. Wakati huohuo aweke akiba ya ushahidi: picha za lango zenye tarehe, hati za mzigo, daftari la zamu la malori, ujumbe wa simu wa dereva. Kama kuna kamera ghalani, asiache picha zijifute. Na ile pesa aliyolipa, kama alipewa risiti yoyote, hata kipande cha karatasi chenye jina la chama, kipande hicho ni dhahabu.

Kimya cha polisi kikishathibitika ndipo Mahakama Kuu inafunguka, kwa njia ya Ibara ya 226 ya Katiba ya India, ambayo inaipa uwezo wa kuamuru ofisi ya serikali itimize wajibu wake. Zingatia hapo. Shauri hili kimsingi linamshitaki polisi kwa kutofanya kazi yake. Wabeba mizigo wanaunganishwa ili nao wasikilizwe. Kwa kawaida wajibu maombi huwa ni mkuu wa polisi wa wilaya, mkuu wa kituo, afisa kazi, bodi ya ustawi eneo likiwa ndani ya mpango, na viongozi wa vyama vya mtaa ule. Wasipounganishwa, amri inaweza kuja na kubatilishwa kwa kuwa waliohusika hawakusikilizwa.

Na hapa kuna jambo linalokuhusu wewe moja kwa moja, ambalo nimeona wafanyabiashara wetu wakijikwaa nalo. Haki ya kufanya biashara yoyote halali, iliyoko kwenye Ibara ya 19(1)(g), ni ya raia wa India. Wewe si raia. Kampuni nayo, hata ikisajiliwa India, haihesabiwi kuwa raia. Una haki ya usawa mbele ya sheria na ya kulindwa uhai wako chini ya Ibara za 14 na 21, maana hizo ni za kila mtu, lakini hoja nzito kwenye mashauri haya ni ile ya biashara. Kwa hiyo mwombaji awe mwenzako, kwa jina lake, kama raia na mwenye ghala. Wewe baki nyuma na hati za korosho. Najua mtu angependa jina lake lionekane kwenye kesi ya mali yake, ila hapa heshima ya jina haikulipi.

Amri zenyewe, ukizisoma nyingi, zinafanana kama magunia. Jaji hasemi kwamba wabeba mizigo ni wabaya. Anasema: endapo mwombaji atawajulisha polisi kwamba anazuiwa, mkuu wa kituo ahakikishe mwombaji na wafanyakazi wake wenye kadi wanapakia na kushusha bila kuzuiwa. Mara nyingi anaongeza kwamba kazi ambayo wafanyakazi hao hawawezi kuimaliza wapewe wale wa kundi la eneo. Mara nyingine anaweka umbali fulani kutoka langoni ambao waandamanaji hawatauvuka. Kama kadi bado hazijatoka, anaweza kumwamuru afisa kazi aamue maombi ndani ya wiki kadhaa. Kisha anaacha wazi kwamba mgogoro wa kazi, kama upo, upelekwe kwa afisa kazi. Ni amri ya lango. Haiamui ujira, haimfuti mtu kwenye orodha, haikupi askari wa kusimama ghalani mwaka mzima.

Kwa hiyo siku ya lori bado ina kazi. Mwenzako apeleke nakala ya amri kituoni mwenyewe, akaongee na mkuu wa kituo kwa adabu. Kabla ya kila shehena ampe taarifa ya maandishi: malori mangapi, saa ngapi, nani atashusha na namba za kadi zao. Polisi aliyeamriwa na asitii anaweza kuitwa mahakamani kwa kuidharau, na wao wanalijua hilo vizuri. Ila ukianza kwa kumtishia, utapata askari mmoja mwenye usingizi. Vijana wavae vitambulisho vyao vionekane. Asichanganye hata kibarua mmoja asiye na kadi kati yao, maana huyo mmoja ndiye atakayepigwa picha na kupelekwa kwa jaji.

Kuna jingine hukuniuliza, lakini upande wa pili wataliuliza. Gunia letu la korosho ghafi lina kilo kama 80. Sheria ya Kerala iliweka kikomo cha uzito wa kubeba mtu mmoja kwa kichwa kuwa kilo 75, na baadaye kikashushwa hadi kilo 55. Yaani hata ukiwa na kadi zote na amri zote, gunia letu kichwani kwa mtu mmoja ni kosa lako. Wabebe wawili, au mtumie toroli, au mzungumze tangu Mtwara kuhusu magunia madogo kwa shehena za Kollam. Najua ujazaji unafuata taratibu za ghala na mnada, na huwezi kubadili peke yako kilichozoeleka tangu kwenye AMCOS, vyama vyetu vya ushirika vya wakulima. Basi angalau ghala la Kollam liwe na toroli za kutosha. Kuna wenye maghala wanaofikiria kununua foklifti, na mahakama imekuwa ikisema kazi inayofanywa na mashine haiwapi wabeba mizigo haki ya kudai, mbali na sehemu ambayo kweli inahitaji mikono. Kwa magunia ya juti yaliyorundikwa ovyo kwenye lori, mashine haina pa kushika. Ingesaidia mzigo ukiwa umepangwa juu ya mbao tangu mwanzo.

Kama malori yenu yanatoka bandari ya Thoothukudi, iliyo jimbo la Tamil Nadu, yakapanda milima na kushukia Kollam, ujue pia kwamba sheria ninayoieleza inaanza mkivuka mpaka wa Kerala. Ushushaji bandarini una sheria nyingine kabisa. Na wenzako wanaouza Mumbai watakutana na sheria ya Maharashtra ya mwaka 1969, ya mathadi na hamal (neno letu hilohilo, hamali), ambayo nayo ina bodi zake na taratibu zake. Usichukue ushauri wa jimbo moja ukautumia jingine. Wala usiulete huku: Tanzania hatuna sheria inayowapa wachukuzi wa mtaa haki ya kwanza kwa mzigo wa ghala fulani, na mgogoro wa ajira unakwenda CMA, yaani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi.

Umeuliza kama muendelee kulipa. Hapana. Nasema hivyo nikijua kwamba lori moja kulala nje kunaweza kugharimu kuliko hiyo pesa. Ukilipa nokku kooli mara ya kwanza umetengeneza kiwango, na ya pili itaanzia hapo. Tena ukifika kwa jaji utaulizwa: mbona ulilipa mwaka mzima bila kulalamika? Lakini kutolipa nokku kooli ni tofauti na kutowalipa wabeba mizigo kabisa, na hapa nitasema ninavyoamini ingawa kuna mawakili wenzangu hawatakubaliana nami. Ghala linalopokea malori machache kwa msimu halina haja ya vita hii. Mwenzako akae na kamati, malori yakija kwa wingi awape kundi sehemu ya kazi kwa viwango rasmi, kwa risiti, kupitia bodi, na vijana wake wenye kadi wafanye kazi za kila siku za ndani. Mtu aliyebeba mzigo akalipwa haki yake hana sababu ya kukaa langoni, na kiongozi wa chama aliyesaini makubaliano mbele ya afisa kazi atawadhibiti watu wake kuliko askari yeyote. Makubaliano hayo yakivunjwa, mnayo karatasi ya kupeleka Ernakulam, na jaji ataona mlianza kwa uungwana.

Na kama hawataki makubaliano, wanataka tu ya kutazama, basi twende mahakamani bila kusita. Mtu yule niliyemwona alfajiri na gunia shingoni anaumizwa na nokku kooli kuliko wewe, kwa sababu inamfanya kila mwenye duka Kerala amwone mnyang'anyi, na inaharakisha siku ambayo mashine itachukua hata ile kazi aliyoipigania.

Kazi ya leo ni ndogo. Mpigie mwenzako, mwambie kesho asubuhi aende ofisi ya Afisa Kazi Msaidizi akiwa na maswali mawili: ghala letu liko ndani ya eneo la mpango au nje, na je, kuna maombi yoyote ya 26A yenye majina ya vijana wetu? Majibu ayachukue kwa maandishi, yenye muhuri. Yakishafika, niandikie tena pamoja na nakala ya mkataba wenu wa ubia, nione nani hasa ametajwa humo kuwa mwajiri wa wale vijana, kwa sababu kama ni kampuni yenu ya pamoja na siyo yeye, fomu za kadi zitajazwa tofauti.